UCHAMBUZI: Besiboli ya Marekani na mlango uliozibwa nyuma ya Rajai Davis

MKATABA wa pamoja kati ya wamiliki wa klabu za Ligi Kuu ya Besiboli ya Marekani (MLB) na chama cha wachezaji ulitiwa saini Machi 2022, na kikomo chake kikawekwa kuwa Desemba 1, 2026. Mkataba uliotangulia ulipomalizika Desemba 2021, wamiliki waliwafungia wachezaji nje kwa siku 99 kabla ya pande hizo mbili kuelewana. Tangu wakati huo, mada iliyotawala vinywa vya wadadisi ni moja: iwapo ligi hiyo, ambayo miongoni mwa ligi nne kubwa za Marekani ndiyo pekee isiyo na kikomo cha mishahara, itawekewa kikomo hicho.

Si vigumu kubaini chanzo cha mjadala huo. Mnamo Desemba 2024, klabu ya New York Mets ilimpa Juan Soto, mlinzi wa uwanja wa nje, kandarasi ya miaka 15 yenye thamani ya dola milioni 765. Klabu za miji midogo hudai kwamba haziwezi kushindana na matajiri wa aina hiyo. Wachezaji nao hushikilia kwamba kikomo cha mishahara ni njia ya kuwapunja jasho lao.

Hata hivyo, Ligi Kuu ina klabu 30, na kila moja husajili wachezaji 26 kwa sehemu kubwa ya msimu. Hao ni watu 780, na wengi wao hawafanani hata chembe na Soto. Ni watu wa kandarasi fupi, wanaouzwa, kubadilishwa, kutemwa na kuokotwa, na ambao majina yao husahaulika mara tu wanapovua jezi. Ili kuelewa kile ambacho huenda kikasahaulika kwenye meza ya majadiliano, yafaa kufuata safari ya mchezaji mmoja wa tabaka hilo, ambaye pia alikuwa mlinzi wa uwanja wa nje na ambaye pia aliichezea Mets. Naye ni Rajai Davis.

Kazi ya mlinzi wa nje

Kwa msomaji aliyelelewa katika kabumbu na riadha, maelezo mafupi yanahitajika. Katika besiboli, mrushaji hutupa mpira naye mpigaji huukabili kwa gongo. Akifaulu, hukimbia kuzunguka vituo vinne, na akirejea alikoanzia timu yake hupata alama. Mpira ukivuka ukuta wa uwanja, mpigaji na wenzake waliokuwa vituoni hurejea bila bughudha. Nyuma kabisa husimama walinzi watatu wa nje: wa kushoto, wa kati na wa kulia. Kazi yao ni kukimbilia mipira inayopigwa mbali na kuidaka kabla haijagusa ardhi.

Nafasi hizo tatu huwaniwa vikali. Klabu huwataka hasa wapigaji wenye nguvu za kuvusha mpira ukuta. Anayebaki ni yule mwenye mbio. Huyo huingizwa mchezo unapoelekea tamati ili alinde eneo la nyuma, au akimbie kwa niaba ya mwenzake mzito na kuiba kituo, yaani kuchomoka kuelekea kituo kinachofuata wakati mrushaji anapotupa mpira. Kila klabu humhitaji mtu wa aina hiyo, lakini ni nadra klabu kumhitaji kwa muda mrefu. Mbio hupungua kadiri umri unavyosonga, na kila mwaka huzuka chipukizi mwenye miguu mipya na mshahara mdogo. Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Mchezaji wa kuhamahama hupewa jembe siku ya kwanza, na ya tatu huonyeshwa njia.

Klabu nane, misimu 14

Davis, kutoka jimbo la Connecticut, alisomea katika bewa dogo la Chuo Kikuu cha Connecticut lililoko Avery Point. Mwaka 2001 klabu ya Pittsburgh Pirates ilimteua katika zoezi la kila mwaka ambapo klabu huchagua chipukizi kwa zamu. Aliteuliwa katika raundi ya 38, baada ya mamia kwa mamia ya vijana wengine kuitwa. Mchezaji wa raundi hiyo hatarajiwi kufika popote. Mara nyingi huchukuliwa ili ligi ndogo zipate watu wa kutosha kujaza vikosi.

Kwa miaka mitano alipanda ngazi za ligi ndogo, moja baada ya nyingine. Alipoingia Ligi Kuu mnamo Agosti 2006 alikuwa na umri wa miaka 25, umri ambao wenzake walioteuliwa mapema huwa wamekwisha kujulikana.

Haikupita hata mwaka mmoja kabla hajaanza kuhamishwa. Julai 2007 Pirates ilimpeleka San Francisco Giants katika mpango wa kumpata mrushaji Matt Morris. Aprili 2008 Giants ilimwacha, na Oakland Athletics ikamchukua. Huko ndiko alikodhihirisha thamani yake: aliiba vituo 41 mwaka 2009 na 50 mwaka 2010. Zawadi yake ilikuwa kubadilishwa kwa warushaji wawili na kupelekwa Toronto Blue Jays nchini Kanada, ambako aliiba vituo 46 mwaka 2012 na 45 mwaka uliofuata.

Kisha akawa huru kujitafutia klabu. Detroit Tigers ilimpa kandarasi ya miaka miwili ya dola milioni 10, na mnamo Juni 30, 2014 akaizawadia kwa pigo la kuvuka ukuta huku vituo vyote vikiwa na wenzake, pigo lililoizamisha klabu yake ya zamani ya Oakland kwa alama 5-4. Mwaka 2016 alihamia Cleveland, klabu iliyoitwa Indians wakati huo na ambayo sasa ni Guardians, kwa mwaka mmoja na dola milioni 5.25. Akiwa na umri wa miaka 35 aliiba vituo 43 na kuongoza kundi zima la American League.

Huo ni mshahara mnono kwa kipimo chochote, na haitakuwa haki kumchora Davis kama fukara. Jambo la kuzingatia ni lilipo fungu hilo katika safari yake. Lilimfikia akiwa amepita umri wa miaka 33, baada ya miaka mitano ya ligi ndogo na mingine saba ambayo maamuzi kuhusu mahali pa kuishi na kufanya kazi hayakuwa yake.

Usiku wa Cleveland

Jina la Davis lilitua midomoni mwa Wamarekani mnamo Novemba 2, 2016. Cleveland ilikuwa ikimenyana na Chicago Cubs katika mchezo wa saba na wa mwisho wa fainali za World Series. Cubs ilikuwa haijatwaa ubingwa tangu 1908, nayo Cleveland tangu 1948. Katika awamu ya nane Cubs ilikuwa mbele kwa alama 6-4. Cleveland ilikuwa imepoteza wapigaji wawili kati ya watatu walioruhusiwa katika awamu hiyo, na mwenzao mmoja alikuwa kituo cha pili.

Aliyesimama kutupa mpira alikuwa Aroldis Chapman, mzaliwa wa Cuba ambaye mwaka 2010 aliwahi kurusha mpira kwa kasi ya takriban kilomita 169 kwa saa. Davis aliyekuwa na mapigo 12 pekee ya kuvuka ukuta msimu huo alifupisha gongo kwa kupandisha mikono juu ya mpini, mbinu ya mtu anayejua kwamba hana nguvu za kushindana na kasi hiyo na kwamba lililobaki ni kuwahi. Mpira uliruka chini chini na kuvuka ukuta wa upande wa kushoto. Alama zikawa 6-6.

Mvua ikanyesha, mchezo ukasimama kwa dakika 17, kisha Cubs ikapata alama mbili katika awamu ya kumi. Ni Davis tena aliyerejesha alama moja kwa pigo fupi, lakini mwenzake aliyefuata akashindwa na Cubs ikatawazwa kwa alama 8-7.

Katika michezo mingi, tukio kama hilo lingemhakikishia mhusika makao. Davis hakupewa. Msimu uliofuata alikuwa Oakland tena, kwa mwaka mmoja na dola milioni 6, na Agosti 2017 akapelekwa Boston Red Sox. Mwaka 2018 alirudi Cleveland kwa kandarasi ya ligi ndogo, yaani bila hakikisho la nafasi katika kikosi kikuu. Mwaka 2019 alikubali kandarasi kama hiyo kutoka Mets na kupelekwa Syracuse kwenye ngazi ya mwisho kabla ya Ligi Kuu.

Mnamo Mei 22, 2019 kikosi cha Syracuse kilikuwa Allentown, Pennsylvania, Mets ilipokumbwa na majeruhi na kumwita. Davis aliita teksi ya Uber kwa safari ya takriban saa mbili hadi New York, nauli dola 243, na akawasili mchezo ukiwa umekwisha kuanza. Katika awamu ya nane aliingizwa kupiga kwa niaba ya mwenzake. Mrushaji alikuwa Sean Doolittle wa Washington Nationals, yule yule aliyemwadhibu mwaka 2014 akiwa Oakland. Davis aliuvusha mpira ukuta na kuleta alama tatu. Mets ikashinda 6-1. Alikuwa na umri wa miaka 38, na huo ndio uliokuwa msimu wake wa mwisho katika Ligi Kuu. Alistaafu akiwa ameiba vituo 415 na kuvusha ukuta mipira 62.

Siku zinazohesabiwa

Kuna jambo ambalo mashabiki wengi hawalioni. Maisha ya mchezaji wa tabaka hili hupimwa kwa siku. Siku 172 katika Ligi Kuu huhesabiwa kama mwaka mmoja wa utumishi. Siku 43 humpa haki ya kupata pensheni, japo ndogo, na miaka kumi humpa pensheni kamili. Miaka sita humpa uhuru wa kutafuta klabu apendayo. Kabla ya hapo, klabu ndiyo huamua: ikitaka humshusha ligi ndogo Jumatatu na kumpandisha Ijumaa, na ikitaka humbadilisha kwa mwingine kabla ya chakula cha jioni. Mkataba wa 2022 ulipunguza mchezo huo kwa kuweka kiwango cha juu cha mara tano kwa msimu za kumshusha mchezaji mmoja, na ukainua mshahara wa chini kabisa wa Ligi Kuu hadi dola 780,000 kwa mwaka 2026.

Haki hizo hazikushuka kama mvua. Zina asili yake, na asili hiyo ni mlinzi mwingine wa uwanja wa nje. Mwaka 1969 Curt Flood, aliyeichezea St Louis Cardinals kwa misimu 12, aliarifiwa kwamba amepelekwa Philadelphia Phillies. Kanuni za enzi hizo zilimfunga mchezaji kwa klabu yake maisha yake yote hadi klabu yenyewe ipende kumwachilia. Flood aligoma kuhama. Mnamo Desemba 24, 1969 alimwandikia kamishna wa ligi, Bowie Kuhn, akidai haki ya kusikiliza klabu nyingine, kisha akaenda mahakamani. Mwaka 1972 Mahakama ya Juu ya Marekani ilimshinda kwa kura 5-3, na taaluma yake ikawa imezama. Lakini Desemba 1975 mwamuzi wa migogoro ya kikazi aliivunja kanuni hiyo katika kesi ya warushaji wawili, na uhuru wa wachezaji ukazaliwa.

Miongoni mwa matunda ya enzi hiyo ni kanuni inayohusishwa na jina la Flood: mchezaji mwenye miaka kumi ya utumishi, mitano ya mwisho ikiwa katika klabu moja, anaweza kukataa kuhamishwa. Ni kanuni ya busara, lakini ni kinaya kwamba humlinda yule ambaye tayari ana makao. Davis hakuwahi kukaa katika klabu moja zaidi ya misimu mitatu mfululizo. Aliyehamishwa sana ndiye asiyeweza kukataa kuhamishwa.

Mishahara juu, viti chini

Tukirejea kwenye mkataba na majadiliano yake, ni lazima tukiri kwamba hali ya wachezaji wa ligi ndogo imeboreka. Kwa miaka mingi walilipwa katika msimu wa mechi pekee, na mwaka 2018 bunge la Marekani lilipitisha sheria iliyowatoa katika ulinzi wa mshahara wa chini na malipo ya saa za ziada. Mambo yalianza kugeuka baadaye. Mwaka 2022 ligi ilikubali kulipa dola milioni 185 kumaliza kesi ya mishahara iliyowasilishwa 2014, ikaanza kuwapa wachezaji makazi, na wachezaji wenyewe wakajiunga na chama. Mkataba wao wa kwanza, wa Machi 2023, uliongeza malipo ya mwaka kwenye ngazi ya juu ya ligi ndogo kutoka dola 17,500 hadi 35,800, na kwenye ngazi ya chini nchini Marekani kutoka dola 4,800 hadi 19,800.

Tatizo ni kwamba viti vilipunguzwa kadiri mishahara ilivyopanda. Mwaka 2021 ligi ilipunguza klabu za ligi ndogo kutoka 160 hadi 120, ingawa mkataba wa 2023 unaizuia kupunguza zaidi kwa muda wa mkataba huo. Idadi ya wachezaji ambao kila klabu kuu inaweza kuwaweka katika ligi ndogo za Marekani ilishushwa kutoka 180 hadi 165. Nalo zoezi la kuteua chipukizi, lililokuwa na raundi 50 mwaka ambao Davis aliteuliwa na 40 hadi kufikia 2019, tangu 2021 lina raundi 20 pekee.

Raundi ya 38 haipo tena. Haipo pia raundi ya 31, ambayo mwaka 2010 ilimtoa Kevin Kiermaier, mlinzi wa kati aliyeshinda tuzo ya Gold Glove mara nne. Wala haipo raundi ya 62, iliyomtoa Mike Piazza mwaka 1988, naye akaingizwa katika Jumba la Umaarufu mwaka 2016.

Wamiliki wana hoja zao, na si za kupuuzwa. Husema kwamba wengi mno wa walioteuliwa katika raundi hizo walipoteza miaka ya ujana wao wakifukuzia ndoto isiyotimia, na kwamba ni heri kuwalipa wachache vyema kuliko wengi vibaya. Aidha, kijana asiyeteuliwa anaweza kusajiliwa moja kwa moja na klabu yoyote. Yote hayo ni kweli. Lakini kijana wa bewa dogo asiyejulikana hana mabavu ya kujinadi sokoni, na klabu yenye viti vichache haitampa mtu kama Davis miaka mitano ya kukomaa. Itamwacha katika mwaka wa pili na kumchukua mwingine aliyekwisha kuiva.

Isitoshe, ligi yenyewe imekiri kwamba inahitaji wachezaji wa aina yake. Mwaka 2023 ilibadili kanuni, ikavipanua vituo na kuwabana warushaji, ili mbio zirejee mchezoni. Vituo vilivyoibwa viliongezeka kutoka 2,486 mwaka 2022 hadi 3,503. Davis mwenyewe aliajiriwa na makao makuu ya ligi katika idara ya shughuli za uwanjani baada ya kustaafu. Ligi inatamani mbio za wachezaji wake, na papo hapo imefunga njia iliyomleta mmoja wa mahodari wa mbio hizo.

Suala hili linatugusa nasi wa Afrika, ingawa kwa mbali. Gift Ngoepe wa Afrika Kusini alisajiliwa na Pirates mwaka 2008, na ilimchukua hadi Aprili 26, 2017 kuwa mzaliwa wa kwanza wa bara hili kucheza katika Ligi Kuu. Jirani zetu Uganda walipeleka timu ya watoto ya Lugazi katika fainali za dunia za Little League mwaka 2012, timu ya kwanza ya Afrika kufika huko, mwaka mmoja baada ya wenzao kunyimwa viza. Tangu hapo klabu kama Los Angeles Dodgers na Pirates zimesajili vijana wa Uganda katika ngazi za chini. Hao hawapitii zoezi la kuteuliwa, kwa kuwa ni wageni, lakini wakishafika Marekani huwania viti vile vile 165. Ngoepe alihitaji zaidi ya miaka minane. Ni nani atakayempa Mganda muda kama huo?

Wapiganapo ndovu wawili, ziumiazo ni nyasi. Mabilionea na mamilionea wanapovutana kuhusu kikomo cha mishahara, hakuna shaka kwamba Soto na wenzake watapata chao, na wamiliki nao watapata chao. Chama cha wachezaji, ambacho sasa kinawawakilisha pia wa ligi ndogo, kina wajibu wa kudai jambo lisilo na mvuto wa vichwa vya habari: raundi ziongezwe, idadi ya viti katika ligi ndogo irejeshwe, na kanuni ya kukataa kuhamishwa imfikie pia mchezaji aliyetumikia miaka kumi katika klabu nane. Gharama ya mambo hayo matatu ni kidogo mno ikilinganishwa na kandarasi moja ya mwaka 2024. Yasipodaiwa sasa, mchezaji mwingine wa aina ya Davis hatapata hata nafasi ya kutemwa, kwa maana hatakuwa ameingia.